Aliyeingia na Aliyebaki Nje

(Mazungumzo baada ya sala ya Alasiri, ukumbi wa madrasa, Temeke, Dar es Salaam. Nimeyaandika baadaye kwa kufuata karatasi yangu na kumbukumbu.)

Assalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.

Masheikh wangu, walimu wa madrasa, akina mama mlioko upande wa pazia, na nyinyi vijana mliojipanga karibu na mlango kana kwamba mna daladala ya kuwahi: ahsanteni kwa kunialika. Nawaona na majirani zetu Wakristo kwenye viti vya nyuma. Shikamooni wazee, karibuni sana. Viatu vyenu mlivyoviacha hapo nje viko salama, nimemwachia mtoto avilinde. Mtajua mbele kidogo kwa nini nimeanza na viatu.

Niseme mapema kwamba mimi si mufti wala sijapata kusimama mimbarini. Nimefundisha historia sekondari maisha yangu yote ya kazi, na kilichobaki ni kikohozi cha chaki na tabia ya kuuliza "nani alisema, na alisema lini?" Fat'wa mtawauliza wenyewe, na wamekaa mbele hapa.

Swali lililonileta ni la mama mmoja wa mtaa huu, tena yuko nyuma ya pazia na ameniruhusu nilisimulie. Jirani yake wa ukuta kwa ukuta amefiwa na mume. Wamekopeshana unga, wameleleana watoto, huyu akijifungua yule anakanda. Jumamosi marehemu anaagwa kanisani. Mama akaanza kutoa khanga yake kabatini, kijana wake wa kiume akamwambia: "Mama, ukivuka mlango wa kanisa umetoka kwenye Uislamu." Mama akarudisha khanga kabatini. Kisha akaitoa tena. Akaja kwangu ameishika mkononi.

Nikamwambia nitamjibu mbele ya watu, kwa sababu kijana wake hayuko peke yake katika mji huu.

Sasa viatu. Nilipokuwa kijana Magomeni palikuwa na mzee mmoja fundi cherehani, mtu wa kanzu na kofia, hakosi safu ya mbele msikitini. Mwenzake wa bao alikuwa Mkatoliki, seremala. Walitukanana kwenye bao kila jioni kwa miaka ambayo sisi hatukuweza kuihesabu, na ole wako mtoto uingilie. Seremala akafa. Siku ya misa fundi akaongozana na rafiki yake mwingine, imamu wa msikiti mdogo wa uchochoroni kwetu. Walipofika kanisani, imamu akasimama chini ya mkungu, nje, akasema, "Mimi naishia hapa." Fundi akasema, "Mimi naingia." Hawakubishana.

Fundi alipofika mlangoni akafanya jambo ambalo miguu yake ililizoea kuliko akili. Akavua makobazi. Watu wote wanaingia na viatu vyao, yeye akayaweka kando ya kizingiti, akapita peku kwenye ile saruji ya baridi hadi benchi la nyuma. Mimi nilikuwa nimemfuata, nikaona aibu, nikatamani kumwambia. Sikuthubutu. Misa ikaisha, jeneza likatolewa, na mzee alipotoka akakuta makobazi yake yamesogezwa kivulini, tena yamegeuzwa, vidole vinatazama nje, tayari kuvaliwa, kama ambavyo mtoto mwenye adabu humgeuzia babu yake viatu. Mmoja wa wale watoto wa altare, mwenye joho jeupe, alikuwa amesimama pembeni yake kama askari wa zamu.

Na imamu je? Jeneza lilipovuka mlango, yule imamu wa chini ya mkungu ndiye aliyekuwa wa kwanza kutia bega. Kutoka hapo hadi kwenye gari alibeba yeye.

Nimekaa na picha hiyo miaka mingi. Nilipokuja kusoma vitabu ndipo nikagundua kwamba wazee wale wawili, ambao sidhani kama waliwahi kufungua kitabu kikubwa cha fiqhi, walikuwa wamerudia jambo lililoandikwa karne nyingi zilizopita.

Ibn Qudama, mwanachuoni mkubwa wa madhehebu ya Hanbali aliyefariki mwaka 1223, anasimulia katika Al-Mughni kwamba Umar bin Al-Khattab, khalifa wa pili, alipofika Sham, yaani Syria na nchi jirani zake, Wakristo walimwandalia chakula. Umar akauliza, chakula kiko wapi? Wakasema, kanisani. Akakataa kwenda. Lakini hakuwaacha wenyeji na sufuria zao. Akamwambia Ali bin Abi Talib, mkwe wa Mtume: wachukue watu, nendeni mkale. Ali akaenda nao, akaingia kanisani, wakala. Na Ali akawa anazitazama zile picha ukutani huku akisema: ingemdhuru nini Amiri wa Waumini lau angeingia akala?

Isikilizeni vizuri hadithi hiyo. Umar amebaki nje. Ali ameingia. Aliyebaki nje ndiye aliyemtuma aliyeingia. Na aliyeingia anamtania aliyebaki nje, hamkufurishi. Kijana, ukimwambia mama yako ametoka kwenye Uislamu kwa kuvuka mlango, basi mtazame na Ali usoni umwambie hivyo hivyo.

(Hapa mzee mmoja wa mbele alisema "Allahu akbar" kwa sauti, na wale wa mlangoni wakacheka.)

Msifikiri nawaficha upande wa pili. Upo, na una uzito. Imam Bukhari, mkusanyaji mashuhuri wa hadithi, ametaja kauli ya Umar kwamba, "Sisi hatuingii makanisani mwenu kwa ajili ya masanamu yaliyomo yenye sura." Hapo hapo, kwenye mlango huo huo wa kitabu chake, Bukhari akataja kwamba Ibn Abbas, binamu wa Mtume, alikuwa akisali ndani ya kanisa, isipokuwa kanisa lenye masanamu. Wafafanuzi wakaongeza kwamba akikuta masanamu, alitoka akasali nje kwenye mvua. Mimi huipenda sana hiyo mvua. Mtu ana msimamo wake, ameulowea, na hakuna mahali palipoandikwa kwamba aliwatukana wenye paa.

Kwa hiyo wanazuoni waliokuja baadaye wakatawanyika kama mnavyotarajia. Wahanafi wengi wakasema kuingia ni makruhu, jambo la kuchukiza. Wahanbali wengi wakaruhusu, hata kusali humo. Malik akachukia kusali humo kwa sababu ya zile picha. Sisi wa pwani hii tumelelewa kwenye Ushafii, madhehebu ya Imam Shafii, na baadhi ya Mashafii walikaza zaidi: usiingie ila kwa ruhusa ya wenyewe, na pasiwe na picha. Ukifuata kauli hiyo, kanisa la Mtakatifu Yosefu pale mbele ya bandari, na vioo vyake vya rangi na sanamu zake, huingii. Una haki yako. Una na hoja. Ila ujue kwamba umeshika kauli moja kati ya kauli kadhaa, na wenzako walioshika nyingine hawakuiokota jalalani.

Na kuna siku ambazo walioruhusu nao walisita. Kutoka kwa Umar imepokewa tahadhari ya kutowaingilia watu wa dini nyingine katika nyumba zao za ibada siku ya sikukuu yao. Wengi wa wanazuoni waliotofautisha wamepita hapo: kuingia kutazama jengo ni jambo moja, kumzika jirani ni jambo jingine, na kwenda kushiriki ibada yenyewe ni la tatu. Kijana anayesema "kanisani" amezifungia zote tatu kwenye neno moja.

Nikae kidogo kwenye neno lenyewe, kazi yangu ya zamani inanisukuma. Msikiti tumeutoa kwenye Kiarabu, masjid, mahali pa kusujudia. Na kanisa? Nalo ni la Kiarabu. Lugha iliyotuletea jina la nyumba yetu ndiyo iliyotuletea jina la nyumba yao. Padri akija kutoka Ureno akakuta jina la nyumba yake limeshatamkwa pwani na watu wenye vilemba. Ibada, dini, sadaka, malaika, shetani: fungueni Biblia ya Kiswahili muone tulivyochanganya vyombo vya jikoni. Haya, niache, maana nikianza hapo hatutafika Magharibi.

Mnaijua ile ya Umar na Yerusalemu, lakini mara nyingi inasimuliwa nusu. Mji uliposalimu amri, yapata mwaka 638, Umar alipokelewa na Patriaki Sophronius. Aliyeiandika habari ya sala ni Mkristo, Patriaki wa Aleksandria wa karne ya 10, Waarabu humwita Said bin Batriq. Anasema wakati wa sala ulimkuta Umar akiwa katika Kanisa la Kaburi Takatifu. Patriaki akamwambia, sali hapa hapa. Umar akakataa, akatoka, akasali peke yake kwenye ngazi za mlango wa mashariki. Kisha akamweleza: lau ningesali ndani, Waislamu baada yangu wangekunyang'anya kanisa wakisema, hapa alisali Umar.

Nusu inayosahauliwa ni hii: hakuridhika na maneno. Kwa masimulizi hayo hayo, aliitisha karatasi, akaandika kwamba hata kwenye zile ngazi Waislamu wasikusanyike kusali jamaa wala kuadhini, labda mmoja mmoja. Aliwajua watu wake. Alijua kwamba leo utasali kwenye ngazi, kesho utaweka jamvi, keshokutwa utaweka paa.

Na historia ilimpa haki. Hagia Sophia ya Istanbul ilijengwa kanisa mwaka 537, ikageuzwa msikiti 1453, ikawa makumbusho karne iliyopita, na mwaka 2020 ikarudishwa kuwa msikiti. Msikiti wa Córdoba, Hispania, ulianza kujengwa karne ya 8, na Wakristo walipoutwaa mji mwaka 1236 wakaugeuza kanisa, na ni kanisa mpaka leo. Kwa hiyo aliyebaki nje anaweza kuwa amebaki nje kwa kumlinda mwenye nyumba. Hilo sisi huku hatulifikirii kabisa. Tunadhani kubaki nje daima ni karaha. Umar alibaki nje kama mlinzi wa zamu.

Mpaka leo, kwa desturi ya karne nyingi, ufunguo wa kanisa lile la Yerusalemu uko mikononi mwa familia mbili za Kiislamu, moja inautunza, nyingine inafungua mlango. Wakristo wa madhehebu mbalimbali wenye kanisa wanavutana wao kwa wao juu ya kila ngazi na kila taa, mlango ukaachwa kwa jirani Mwislamu. (Hapo wageni wetu wa nyuma ndio waliocheka zaidi.)

Niwarudishe Dar es Salaam, maana mji huu nao ulianzishwa na Sultani, Majid bin Said wa Zanzibar, miaka ya 1860, na ukipita Kivukoni leo unaona alama zilizowekwa na waliomfuata. Wajerumani wakajenga pale ufukweni Azania Front ya Walutheri yenye vigae vyekundu, na jirani yake Mtakatifu Yosefu ya Wakatoliki, lililokamilika 1902. Ukitembea dakika chache kuingia ndani uko Kitumbini, uko Mtaa wa Mosque, una Masunni, una Maibadhi, una Mashia Ithnaashari, una jamatkhana ya Maismailia. Ukivuka Mnazi Mmoja, Kariakoo inakupokea na Msikiti wa Manyema na Mtoro. Kinondoni sasa kuna msikiti mkubwa uliojengwa kwa ahadi ya Mfalme Mohammed wa 6 wa Morocco alipotutembelea mwaka 2016. Mchukuzi wa bandarini amepita mbele ya yote hayo na gunia begani, na hajamuuliza yeyote ruhusa ya kupita.

Lakini tusijipake manukato. Oktoba 2012, hapa hapa wilayani kwetu, Mbagala, watoto wawili walibishana juu ya Msahafu. Mmoja alimtishia mwenzie kwamba atakayeukojolea atageuka. Yule mwingine, kwa utoto, akafanya. Ilipofika Ijumaa tarehe 12 watu wazima wenye ndevu wakaandamana, na makanisa yakavunjwa na kuchomwa. Ubishi wa watoto! Mimi nina wajukuu wa umri huo. Wanabishana kama papa wa baharini anaweza kumeza basi.

Waliokwenda kuvunja walidhani wanaitetea Qur'an. Basi tuifungue. Suratul Hajj, aya ya 40, Mwenyezi Mungu anasema kwamba lau asingewazuia watu kwa watu, zingevunjwa nyumba za watawa, na makanisa, na masinagogi, na misikiti ambamo jina lake linatajwa kwa wingi. Hesabuni mpangilio. Msikiti umetajwa wa mwisho. Katika aya inayofuata ile iliyoruhusu Waislamu wa mwanzo kujilinda, nyumba za wengine zimetangulizwa mlangoni, yetu ikafuata. Waliokuwa Mbagala siku ile walikuwa wameshika Msahafu ambao hawakuufungua.

Hao waliingia kanisani, jamani. Na kijana anayemzuia mama yake na khanga yake asiingie, siku ile sikumsikia akimzuia mwenzake na jiwe. Hili nalisema kwa uchungu, mnisamehe.

Tugeuze upande. Wao wakija kwetu? Mtume (s.a.w.) alimfunga Thumama bin Uthal, mateka ambaye hakuwa Mwislamu, kwenye nguzo ya msikiti wake Madina. Imo katika Bukhari. Siku tatu anaangalia watu wanavyosali, anasikia Qur'an, analetewa chakula. Akafunguliwa aende zake. Akaenda kuoga, akarudi kusilimu. Ujumbe wa Wakristo wa Najran ulipofika Madina, kama anavyosimulia Ibn Is-haq, mwandishi wa sira ya Mtume, wakati wao wa sala uliwakuta msikitini. Wakasimama kusali wakielekea mashariki. Watu wakataka kuwazuia, Mtume akasema waacheni. Wanazuoni wa hadithi wana maneno yao juu ya isnadi, yaani mnyororo wa wapokezi, ya habari hiyo, na mwalimu wa historia hawezi kuwaficha hilo. Lakini imesomwa na kusimuliwa na Waislamu kizazi baada ya kizazi, na hawakuona aibu nayo.

Kwetu Dar, mgeni Mkristo anaingia msikitini lini hasa? Kwenye ndoa. Mfanyakazi mwenzako anaoa, nikahi baada ya Alasiri, ofisi nzima inajaa kwenye Coaster. Akina dada wanafika na mtandio wa kuazima, wengine wameuvaa kichwani kama taji, wanaulizana "hivi ni sawa?" Na daima kuna mzee mmoja pale mlangoni anayewapokea kwa ukali, "Viatu! Viatu!" kama kondakta. Mzee wangu, sema tu, "Karibuni wanangu, viatu tunaviweka hapa." Mtoto wa altare aliwezaje kugeuza makobazi ya Mwislamu, na wewe mwenye ndevu nyeupe ushindwe?

Na maadamu tuko mlangoni, niseme jingine, nikitoka hapa mnipige. Tunajadili mama aingie kanisani au asiingie, na huyo mama akiwa Kariakoo mchana anatafuta pa kusali Adhuhuri, misikiti mingapi midogo ina mahali pake? Anazunguka na mfuko wa nyanya, anaambiwa "hapa hakuna upande wa wanawake." Mwishowe sala anaisali nyumbani, kadha, wakati wake umeshapita. Hatujamwekea mlango kwetu, na tunamhesabia milango ya wengine.

(Upande wa pazia walipiga makofi. Si kawaida yetu, ila walipiga.)

Sasa msibani, maana ndiko tulikotoka. Lipo jambo moja ambalo halina ubishi mkubwa. Jeneza la Myahudi lilipita mbele ya Mtume, akasimama. Akaambiwa, ni Myahudi. Akajibu kwa kuuliza: "Je, si nafsi?" Bukhari na Muslim wote wameipokea. Na Al-Harith bin Abi Rabia, mama yake alipofariki akiwa Mkristo, maswahaba walisindikiza mazishi yake. Kwa hiyo kumsindikiza jirani usisite. Kinachobaki ni mlango wa kanisa, na hapo mmeshasikia: ukipenda mkungu wa Umar, upo, ukipenda benchi la Ali, lipo.

Aliyechagua benchi aende na akili yake. Usipige magoti wanapopiga, usifanye alama ya msalaba kwa kuogopa kutazamwa, usiimbe usichokiamini. Kaa, inamisha kichwa, mkumbuke mwenzako. Hakuna atakayekulaumu, wao wenyewe wanajua wewe ni nani. Na tafadhali ulizeni kabla ya kujipanga kwenye mistari! Kuna kijana wa kwetu, sitamtaja kwa kuwa yuko mlangoni pale, aliona watu wameinuka wanajipanga kuelekea mbele, akadhani ni mstari wa kuaga mwili. Akajipanga. Anasogea, anasogea, anafika mbele, padri kainua hostia, ule mkate mtakatifu, anamwambia "Mwili wa Kristo." Kijana, badala ya "Amina", akampa mkono padri akasema, "Poleni sana, Padri." Padri akaushika ule mkono kwa mkono wake wa kushoto, akamwambia taratibu, "Ahsante mwanangu, tumepoa, kaa." Misa ikaendelea.

Viongozi nao wana mtihani wao. Mwaka 2019, Imamu Mkuu wa Ghana, Sheikh Osman Nuhu Sharubutu, akitimiza miaka 100, alihudhuria misa ya Pasaka katika kanisa Katoliki mjini Accra. Picha ikazunguka dunia, wapo waliomsifu na wapo waliomshambulia. Mimi binafsi, kwa ile tahadhari ya siku za sikukuu, nisingekwenda Pasaka. Ningekwenda Jumatatu yake. Lakini mzee wa miaka 100 amefanya ijtihadi yake, amepima hukumu kwa elimu yake, nani wewe mwenye simu yenye kioo kilichopasuka umkufurishe kwa maandishi ya herufi kubwa?

Kwetu, mwaka 2020 Rais Magufuli alisimama ndani ya kanisa Katoliki, Chamwino, akawachangisha waumini fedha za kujenga msikiti. Akafariki Machi mwaka uliofuata. Tarehe 22 Machi 2021, uwanja wa Jamhuri, Dodoma, jeneza la Mkatoliki liko mbele, Rais Samia anahutubia viongozi wa Afrika, adhana ikasikika. Akanyamaza. Uwanja mzima ukasubiri mpaka muadhini amalize, kisha akaendelea. Wengi mliiona kwenye televisheni. Mimi niliiona kwa kinyozi, wembe umesimama nusu ya kidevu, na kinyozi ni Mluguru Mkatoliki. Alisimamisha na wembe.

Mama mwenye khanga, nikujibu sasa. Kijana wako asikuzuie na jirani yako asikulazimishe. Ukiona moyo unakataa zile sanamu, kaa nje, utakuwa na wenzako wengi, na jeneza likitoka utie mkono. Ukiona kumwacha jirani yako peke yake kwenye benchi la mbele ndiko kunakouuma moyo, ingia, kaa nyuma yake, mshike bega. Masheikh walioko hapa wakiona nimekosea, wanisahihishe kabla ya Jumamosi, nitarudi kwako na marekebisho.

Mimi na wewe tutaonana huko. Nimeshapanga na rafiki yangu, huyu sheikh aliyekaa mstari wa mbele anayejifanya anasoma tasbihi ili nisimtaje. Yeye ni wa Umar, na kwa miaka yote tuliyofahamiana hajavuka kizingiti cha kanisa. Mimi nitakuwa ndani, benchi la mwisho karibu na mlango. Yeye atakuwa nje, na kwa kuwa pale hakuna mkungu atabeba mwavuli. Tunakwenda na bajaji moja saa saba na nusu. Nauli ni zamu yake, msiba uliopita nililipa mimi.

Naam, muadhini ananitazama saa. Walioko nyuma, viatu vyenu mtavikuta vimegeuzwa.

Wassalamu alaykum.